Upande wa Pili wa Kanda

Tarehe 3 Machi

Shangazi,

Shikamoo. Najua barua ndefu zinakuchosha, kwa hiyo kaa kwanza, vua miwani ya kushonea uvae ya kusomea. Ningepiga simu, lakini simu yenu iko sebuleni, karibu kabisa na meza ya Baba, na jambo lenyewe linamhusu yeye.

Jumapili nilipopiga alipokea mwenyewe. Nikamwambia, "Baba, nimepewa nafasi kubwa kwenye okestra." Akajibu, "Haya, salama, salama," kisha akakupa wewe simu. Salama ya nini, na mimi sikumsalimu? Tangu nilipoiweka chini fidla ya marehemu Mama nikashika basuni, ile ala ndefu ya kupuliza, amekuwa hivyo hivyo. Simu anaikimbia kana kwamba inaunguza. Nilipokuja wakati wa likizo nilimweleza safari yangu yote akanitazama tu mdomoni, kisha akasema chai imepoa.

Sasa sikiliza. Mpiga basuni wetu mkuu anastaafu, na mwongozaji wa okestra anataka nikalie kiti chake. Wakati huohuo kuna kiti kimebaki wazi kwenye fidla za pili. Ameniambia nichague mwenyewe, ila jibu alipate kabla Aprili haijaisha. Nikiiachia basuni leo siipati tena, maana wenzangu wanaoitaka wako mlangoni.

Nimekutumia kanda pamoja na barua hii. Nimepiga kwa fidla ule wimbo aliokuwa akiupiga Mama Jumamosi mchana akishamaliza kufua. Mwekee Baba, umtazame usoni. Akilainika hata kidogo, nitajua kilichomuudhi ni mimi kuiacha fidla, nami nitairudia. Basuni naipenda, Shangazi, naipenda mno, lakini sitaki kumpoteza baba kwa ajili yake. Mzazi nimebakiwa na mmoja tu.

Wako,
Njiti


Tarehe 11 Machi

Njiti,

Marahaba. Miwani nimebadilisha, chai nimemimina, barua nimesoma mara mbili, na baba yako nimemkasirikia mara mbili vilevile.

Kanda nilimwekea jana akila. Fidla ilipoanza mimi mwenyewe machozi yalinitoka, nikamwona marehemu wifi yangu pale pale dirishani na kanga yake iliyolowa. Nikamtazama kaka yangu. Ameangalia redio, ameangalia sahani, kisha wimbo haujafika hata katikati akainuka, akaenda kwenye meza yake ya saa, akabana lenzi jichoni na kunipa mgongo. Nikamwambia, "Fundi, huyo ni mwanao, na huo ni wimbo wa mkeo." Hakugeuka. Nikamwambia moyo wake umeshika kutu kuliko hayo masaa ya watu anayoyafungua. Hakugeuka. Mtu ukimtukana akageuka, basi kuna matumaini. Huyu, ng'o.

Nisimwonee lakini, kuna mambo amebadilika kwa uzuri. Mwaka huu hajabishana nami hata siku moja. Nasema, anaitikia kwa kichwa. Mimi ndiye dada yake mkubwa na tangu utoto sikuwahi kumshinda kwa maneno, leo namshinda kila asubuhi kabla ya kunawa uso. Nikadhani uzee umemtia adabu.

Mengine siyaelewi. Siku hizi akimaliza kutengeneza saa haipeleki sikioni kama zamani, anaiuma kwa meno na kufumba macho. Nilimuuliza kama anazila, akaitikia kwa kichwa. Na wiki jana birika letu lile lenye filimbi limeungua kitako. Lilipiga kelele mpaka nikalisikia kutoka bucha ya pale kona, nikaja mbio, nikamkuta yeye kakaa kando yake anasafisha mkanda wa saa. Ukaidi gani huo, mtu hawezi hata kuinuka azime jiko?

Na wewe hebu niambie, hilo bomba lina nini hasa mpaka likutoe kwenye fidla? Kwenye picha uliyotuma limepita juu ya kichwa chako. Nilimwonyesha muuza nyama, yule mwenye sauti ya gunia la mawe linaloburutwa, akauliza kama unafanya kazi ya maji taka.

Shangazi yako


Tarehe 18 Machi

Shangazi,

Asante kwa kunieleza bila kunificha. Nimelia kidogo, nimenawa, nimerudi kukaa.

Umeuliza bomba lina nini. Ni mti wa mepo, mti mgumu wa nchi za baridi, mrefu kiasi kwamba ungeunyoosha ungegonga dari yenu, ndiyo maana umekunjwa katikati. Mdomoni kuna vipande viwili vya mwanzi vilivyofungwa pamoja kwa uzi, navikwangua mwenyewe kwa kisu. Nikivikosea hata unywele mmoja, basuni inatoa sauti ya bata aliyekanyagwa.

Chini inashuka kuliko mwanamume yeyote wa kwaya, karibu na pale piano inapoishia mkono wa kushoto. Huko ni nene, unaisikia kwenye mbao za sakafu kabla ya kuisikia masikioni. Ikipanda inapita kwenye sauti ya wanaume, ikizidi inaingia kwenye ya wanawake, na huko juu kabisa inakuwa nyembamba, ya kuomba, kama mtu mwenye mafua anayetaka asamehewe. Wengine hawajui kama kitu kimoja kinaweza kuwa wote hao.

Kwenye okestra kazi yangu kubwa ni chini. Mimi na selo na besi, zile fidla kubwa za sauti nzito, tunaweka sakafu, fidla zinacheza juu yake. Mtunzi akitaka watu wacheke ananiita mimi. Akitaka watu wahuzunike bila kujua nani amewahuzunisha, ananiita mimi. Ukumbini unaweza kukaa saa nzima usijue nipo, lakini ninyamaze kidogo tu, utaona muziki umepwaya. Nilipokuwa fidla ya pili nilikuwa mmoja kati ya kumi na wawili, tukikosea tunafichana. Hapa sina pa kujificha, na ndipo nilipojikuta nimekuwa mtu.

Basi ndiyo hivyo. Baba aliinuka kabla wimbo wa Mama haujafika katikati. Hata fidla yenyewe hataki tena kuisikia kutoka mikononi mwangu. Tuna onyesho tarehe 20 Aprili na nimeahidi kupiga, sitavunja ahadi. Baada ya hapo nitamwambia mwongozaji anirudishe kwenye fidla. Labda nikikaa huko miaka miwili mitatu hasira itamwisha. Kanda itupe au uitunze, yote sawa. Usimsemeshe tena, Shangazi, tafadhali.

Njiti


Tarehe 27 Machi

Njiti,

Usithubutu kumwambia mwongozaji neno lolote. Shusha pumzi usome.

Kanda sikuitupa. Nilikuwa napinda gauni la bibi harusi, kazi ya kuchosha macho, nikasema niweke ule wimbo wa wifi nijiliwaze. Ukaisha. Nikaigeuza kanda nikidhani wimbo unaendelea upande wa pili. Mwanangu, likatoka dude. Linanguruma, linashuka, linashuka tena, nikadhani redio imeharibika. Vikombe kabatini vilianza kugongana.

Nikaenda kuizima, nikamkuta Fundi ameshafika. Ameacha saa ya mtu wazi mezani, kibano kimeanguka chini, kitu ambacho hajawahi kufanya tangu nimjue. Akakaa sakafuni, baba mzima na magoti yake yale mabovu, akaweka kiganja juu ya redio. Akauliza, "Nani huyu?" Mimi nikasema sijui, labda ni stesheni imeingiliana. Pale pale humo ndani mtu akakohoa, likapigwa tena kutoka mwanzo. Kikohozi chako nakijua tangu ulipokuwa na surua. Nikamwonyesha picha yako ukutani, nikamwonyesha redio.

Alitulia mpaka kanda ikaisha. Akairudisha nyuma mwenyewe. Akaipiga tena. Leo asubuhi kabla ya kufungua duka ameipiga, na jioni, na sasa ninavyoandika inanguruma huko, gauni la watu linatetemeka kwenye hanga.

Sasa nieleze wewe uliyesomea muziki. Mtu anaukimbia wimbo wa mkewe, halafu anakaa sakafuni kusikiliza ngurumo zisizo na mbele wala nyuma? Nimemkasirikia zaidi. Nilitaka kumuuliza wifi yangu alimkosea nini, nikajizuia kwa sababu uliniomba.

Shangazi


Tarehe 2 Aprili

Shangazi,

Zile ngurumo ni mazoezi yangu ya asubuhi. Naanzia sauti ya chini kabisa, napanda moja moja, nashuka. Nilisahau kuyafuta. Hakuna mtu duniani anayeyasikiliza kwa hiari, hata mimi nayapiga kwa sababu ni lazima.

Nimesoma barua zako zote tena usiku na mchana. Birika la filimbi linapiga sauti ya juu. Saa inagonga kwa sauti ndogo ya juu. Fidla iko juu. Mimi na wewe, usikasirike, tuna sauti za juu, yako hasa. Basuni iko chini.

Shangazi, nadhani Baba hasikii. Si kwamba hataki. Hasikii vitu vya juu. Saa anaiuma ili mlio umfikie kupitia mifupa ya kichwa. Mdomoni ananitazama ili asome maneno. Na wewe hukumshinda kwa maneno, samahani.

Tufanye hivi. Akiwa amekupa mgongo, muite kwa sauti yako ya kawaida. Kisha mlete yule muuza nyama, uliyesema sauti yake ni ya gunia la mawe linaloburutwa, amuite polepole, bila kupaza. Uniandikie siku hiyohiyo. Kama nimekosea nitakuwa nimejipa tumaini la bure, lakini heri nijue.

Njiti


Tarehe 9 Aprili

Njiti wangu,

Hukukosea.

Muuza nyama alikuja amevaa shati lililopigwa pasi. Sijui kwa nini, niliomba sauti tu. Fundi alikuwa ameinama mezani. Nikaita, "Fundi." Kimya. Nikaita kwa ile sauti inayowafanya majirani wafunge madirisha. Kimya. Nikaongeza kwamba nyumba inaungua na kwamba nimeamua kuolewa. Akapuliza vumbi kwenye kifuniko cha saa. Ndipo muuza nyama, bila hata kunyanyua kidevu, akasema, "Habari ya kazi, Fundi." Akageuka hapohapo: "Nzuri, karibu." Nikakaa chini.

Nilimwandikia swali kwenye kipande cha gazeti. Akakitazama sana. Halafu akasema yote, Njiti, kama mtu aliyekuwa amebeba gunia akatafuta pa kulitua. Imemwanza pole pole, miaka miwili sasa. Kwanza ndege walinyamaza, akadhani wamehama. Kisha saa. Anasema, "Nani atampelekea saa fundi asiyesikia mlio wake?" Akaficha. Kwenye simu anasikia kwamba wewe unaongea, hasikii unachosema, akaogopa kujibu kitu kingine ukamgundua. Ndiyo maana ya hizo salama. Na siku ya kanda alijua ni fidla, na ni ule wimbo, kwa sababu aliniona machozi nikitazama dirishani, lakini yeye kilichomfikia ni mkwaruzo, kama panya ndani ya boksi. Akaona hawezi kukaa pale aniitikie kwa kichwa juu ya wimbo wa mkewe asiousikia. Akaona bora ainuke.

Basi nililia. Nilipokwisha kulia nikamgombeza, na kwa kuwa hanisikii ilibidi nimgombeze kwa maandishi, kurasa tatu, mkono ukauma. Mwaka mzima nimekuwa nikishinda ubishi na ukuta. Sijui nimsamehe nani kwanza.

Tumekwenda kwa daktari wa masikio. Ni mama mpole, alimwekea vitu masikioni na kuchora mstari kwenye karatasi: unaanza vizuri, halafu unaporomoka kama shimoni. Sauti za chini anazo karibu zote. Za juu zimekwenda na hazirudi, lakini anasema kilichobaki kinaweza kudumu, na kuna kifaa cha kumsaidia kusikia maneno, ataagiziwa. Baba yako alitoka humo anatembea kama kijana. Nilidhani atahuzunika. Akaniambia, "Nilikuwa nadhani vyote vitazimika."

Kwa hiyo hakuchukii. Hajawahi kukuchukia hata robo siku. Ipumzishe hiyo roho yako, na mimi ya kwangu.

Tarehe 20 tunakuja na treni. Kuhusu fidla ya mama yako sikumuuliza. Hilo ni lenu wawili, mimi nimeshachoka kuandika.

Shangazi


Tarehe 22 Aprili

Shangazi,

Mmefika salama? Niliwaona safu ya tatu. Wewe ulikuwa na kofia, muuza nyama alikuwa na tai. Hukuniambia kwamba naye anakuja, hilo tutaliongea siku nyingine.

Tangu barua yako nimekuwa mwepesi, nalala, nakula. Baba hanichukii. Naliandika ili nilione. Kwa hilo peke yake nashukuru, hata kama lisingeongezeka lingine.

Lakini juzi kwenye ukumbi wa nje, watu wamesongamana wanaongea wote kwa pamoja, alikuja akanishika mikono. Akaigeuza, akatazama vidole gumba vyangu, hasa cha kushoto ambacho kina kazi nyingi kwenye basuni na kimeota sugu. Akakibonyeza. Hakusema kitu, nami nikaogopa kumuuliza mbele ya watu. Kisha ukasema treni itawaacha, mkaondoka.

Nimebakiza siku chache za kutoa jibu, na sijui. Anapenda kunisikia, hilo nimeelewa. Ila fidla ya Mama iko ndani ya boksi lake juu ya kabati langu, na hakuna mtu mwingine katika familia atakayeipiga. Mama alinifundisha akiwa anaumwa. Nikikaa kwenye basuni moja kwa moja, ndiyo nimeifunga. Je, Baba anaridhia hilo, au ananivumilia tu kwa kuwa mimi ndicho kitu pekee anachosikia? Muulize kwa maandishi. Mimi siwezi.

Njiti


Tarehe 25 Aprili

Mwanangu,

Dada yangu amenipa barua yako niisome mwenyewe. Amesema yeye si posta. Sijazoea kuandika, nisamehe mwandiko.

Kwanza, kuhusu pale nje. Watu wengi wakiongea pamoja, kwangu inakuwa uji. Niliogopa utaniuliza jambo nikujibu jingine, usiku kama ule. Kwa hiyo nilishika mikono. Mikono ya fundi huwa naijua nikiishika, na yako ni ya fundi.

Pili, kuhusu muziki. Wapiga fidla niliwaona, walikuwa wengi, mikono inapanda na kushuka sawasawa. Niliwasikia kidogo, mkwaruzo tu. Sikusikitika kama nilivyodhani. Niliitazama ile mikono nikamwona mama yako kwa macho, nikatosheka.

Wewe nilikusikia kutoka mwanzo. Kwenye saa kuna gurudumu moja la chini, linakwenda taratibu, mwenye saa halioni hata akifungua kifuniko. Mimi ndilo ninalolitazama kwanza. Nilikaa pale nikilifuata hilo, kila liliposimama nililingoja. Muuza nyama ananiambia wengine walikuwa wakitazama filimbi. Shauri yao.

Halafu wakanyamaza wote ukabaki peke yako. Ulianzia juu sana. Nilikuona mashavu yanafanya kazi, nikasikia kidogo, kisha nikakupoteza. Nilikasirika, nikasema nimekuja na treni mpaka huku nimpoteze hapa. Kumbe ulikuwa unashuka. Ulirudi chini zaidi, nikakupata, ukashuka tena nikakusikia vizuri, ukashuka mpaka kiti nilichokalia kikasema. Niliinama si kwa sababu ya magoti, kama dada yangu alivyomwambia jirani wa kiti. Nilikuwa nalia.

Tatu, hilo la fidla, usiulize tena. Miaka yote niliyokaa na mama yako nilimsikiliza kila Jumamosi, akiwa na furaha, akiwa amenuna, na mara ya mwisho akiwa hawezi kusimama. Ule wimbo ninao kichwani wote, pamoja na pale alipokuwa akikosea na kucheka. Sihitaji mtu wa kunipigia, na masikio hayawezi kuniondolea. Ulipoishika basuni sikukasirika. Ulikuja kuniambia jioni moja nikiwa hapa mezani, uliongea sana, nami sikusikia. Nilisema "haya" kwa sababu ndilo neno lisilokosea. Nimejua ulichosema siku ile baada ya kusoma barua zako kwa shangazi yako.

Basi leo nakujibu. Mama yako namkumbuka. Wewe nataka kukusikia. Kaa kwenye kiti hicho, umwambie mwongozaji siku ileile utakayoipata barua hii.

Baba yako